Picha za Maktaba katika Filamu na Televisheni

Picha za maktaba ni picha jongefu zilizopigwa zamani kwa kusudi fulani, zikahifadhiwa, kisha zikachukuliwa na mtayarishaji mwingine ili zitumike katika kazi mpya. Zinaweza kutoka katika taarifa ya habari, filamu ya serikali au mkanda wa familia. Mwaka 1927, mwongozaji wa Kisovieti Esfir Shub alitengeneza filamu nzima kuhusu kuanguka kwa ukoo wa Romanov, uliotawala Urusi, kwa kuunganisha, kwa sehemu kubwa, vipande vilivyopigwa na watu wengine, zikiwemo picha za familia ya kifalme. Katika mpangilio wake mpya, picha hizo zikawa ushahidi dhidi ya utawala uleule ulioonekana ndani yake.

Uwezo huo wa kubadili maana ndio unaomtaka mtayarishaji ajue kila kipande kilipigwa na nani, wapi, lini na kwa nini. Filamu ya Uingereza kuhusu vita vya Somme, mapigano ya Vita Kuu ya Kwanza ya Dunia nchini Ufaransa, iliyotolewa mwaka 1916 vita hivyo vikiwa bado vinaendelea, ina picha nyingi za kweli kutoka eneo la mapigano, lakini tukio lake linalojulikana kuliko yote, la askari wanaopanda kutoka handakini huku baadhi yao wakianguka, liliigizwa mbali na mstari wa mbele. Hata hivyo, limetumiwa mara nyingi katika vipindi vya televisheni kana kwamba ni shambulio lenyewe. Kwa maoni yangu, kosa hili ni zito kuliko picha yenye mikwaruzo, kwa sababu mtazamaji hana njia ya kuligundua.

Umbo la picha nalo huhitaji uamuzi. Filamu nyingi zisizo na sauti zilipigwa kwa fremu (picha moja moja zinazounda mwendo) zipatazo 16 au 18 kwa sekunde, hivyo zikionyeshwa kwa fremu 24 watu huonekana wakitembea mbiombio na kuchekesha hata pale walipokuwa mazishini. Picha za zamani za televisheni zina uwiano wa upana kwa kimo wa 4:3, ilhali skrini za leo ni 16:9. Ni heri kuacha nafasi nyeusi pembeni kuliko kuwatanua watu au kukata vichwa vyao.

Kuhusu haki, kumiliki mkanda si kumiliki hakimiliki. Hifadhi ya picha inaweza kutoa nakala, na bado ruhusa ikahitajika kwa mwenye picha, na nyingine kwa mwenye muziki unaosikika ndani yake. Leseni yenyewe hutaja nchi, muda na njia za kuonyesha, kwa hiyo kipindi kilichoruhusiwa kwenye televisheni kwa miaka mitano hakiwi moja kwa moja na ruhusa ya kuwekwa intaneti. Ndiyo maana wahariri makini huandika chanzo cha kila kipande tangu siku kinapoingia kwenye meza ya uhariri, maana kutafuta chanzo baada ya kazi kukamilika mara nyingi humaanisha kukiondoa kipande chenyewe.