Milia haikutoka kwenye mfuko wa mbegu

Jumatatu kaja mzee mmoja kutoka Kikwe, mche wa mahindi kaufunga kwenye gazeti. Hata shikamoo yangu hakuimalizia. "Mwanangu, hii mbegu feki. Niandikie barua niirudishe dukani." Mwezi huu huyo ni wa tano.

Kirusi cha ugonjwa wa milia ya mahindi hakisafiri kwenye mbegu wala hakikai udongoni. Kinabebwa na chawajani, kidudu cha milimita tatu hivi kinachoruka ukigusa tu jani. Jike hupenyeza mayai ndani ya jani lenyewe, ndiyo maana huyaoni. Yanatoka matunutu, yaani wadudu wachanga wasio na mabawa, yanajivua ngozi mara tano, mabawa tayari. Hatua ya kiwavi hakuna.

Sasa mtu akisikia "mdudu" anakimbilia bomba la sumu. Jamani, si kila chawajani anaambukiza! Mtafiti H. H. Storey alilichimba jambo hili kwenye kituo cha utafiti cha Amani, Tanga, miaka ya 1930. Alikuta wengine hunyonya mche mgonjwa na wasiambukize chochote, na kwamba uwezo wa kuambukiza hurithiwa. Akachukua hao wasioweza, akawatoboa utumbo kwa sindano, nao wakaambukiza. Kumbe kirusi kilikuwa kinakwama utumboni. Anayeweza, akishakinyonya, hukaa nacho kama siku moja hadi kifike kwenye mate, kisha anaambukiza mpaka afe. Lakini mayai yake hayakipati. Kila kizazi lazima kikakitafute upya kwenye mmea mgonjwa, kwa hiyo swali langu la kwanza huwa: jirani yako kapanda nini, na lini?

Nikaufungua mche wa mzee. Majani manne ya chini kijani kitupu. La tano lina vidoa vyeupe vimejipanga kufuata mishipa, la sita limejaa milia iliyokatika-katika. Jani lililokomaa kabla ya kuambukizwa halipati milia, kwa hiyo mche wenyewe unakwambia mdudu alifika lini. Ukiambukizwa ukiwa na miezi miwili, hasara ni ndogo. Huu wa mzee ulikuwa mchanga mno.

Nisijifanye mjuzi sana. Niliwahi kumng'olesha mama mmoja mistari miwili ya mahindi kumbe ni upungufu wa zinki, ule unaoleta mkanda mpana mweupe karibu na shina la jani, usiokatika. Na ushauri wetu wa kufyeka majani ya kando ya mifereji, wanakokaa chawajani, unanikosesha usingizi: ukiyafyeka wakati mahindi yameshachipua, wale wadudu wanahamia wapi? Mimi siku hizi nasema fyeka mapema, kabla ya kupanda, au yaache.

Na mbegu ina neno lake, maana zipo zinazostahimili milia, ila mzee alipanda ile aliyoizoea, wiki nne baada ya jirani anayemwagilia, ambaye shamba lake lilishapata milia.

Nikamweleza yote hayo. Akaukunja mche wake taratibu kwenye gazeti.

"Kwa hiyo barua huandiki?"