"Si ameshasaini?"

Wiki hii nimeisikia mara ya tatu, tena kwa mteja aliyekuja na pesa yake mkononi anataka dokumentari ya wanawake wa mtaani. "Si mama ameshasaini fomu? Basi stori ni yetu." Jamani.

Mama mboga wa Kayole amesainishwa juu ya boneti ya gari saa kumi na mbili asubuhi, sukuma bado iko kwa mkokoteni, fomu kurasa tatu za Kizungu, huyo amekubali nini? Amekubali mtoke hapo auze. Hakuna aliyemwambia klipu ya sekunde arobaini itazunguka WhatsApp ya chama chake cha akiba mpaka ifike kwa shule ya binti yake. Na sheria pia haiko upande wako vile unadhani, Sheria ya Ulinzi wa Data ya Kenya ya 2019 inasema mtu anaweza kuondoa ridhaa yake wakati wowote, na kuthibitisha kwamba alikubali ni kazi yako wewe uliyembebea kamera. Ndiyo, sanaa ina msamaha wake humo ndani, lakini una masharti, mojawapo maslahi ya umma, na hamu yako ya kwenda festivali si maslahi ya umma.

Mimi huuliza mara tatu: kabla ya kamera, baada ya kushuti, halafu nikishaediti nabeba laptopu hadi kwake namvalisha hedifoni. Kuna mmoja niliogopa ataniambia nitoe pale anaposimulia vile mume alikuwa akimpiga. Akatazama yote, chai ikapoa, akasema toa pale nimetaja deni la chama. Nikashangaa. "Kipigo ploti yote inajua. Deni hawajui." Tukatoa, prodyuza akaninunia wiki nzima, shauri yake.

Hizo imani zingine potofu kuhusu filamu za wanawake sina nguvu nazo sana. Ati bila machozi haiwezi kuwa filamu ya wanawake: mpe mtu kazi ya mikono, achambue mchele au asuke mtu, utasikia mambo ambayo swali lako la huruma halingetoa. Ati ufeministi kwa filamu umeletwa juzi na wazungu: mwongozaji filamu Safi Faye wa Senegali alipeleka kamera kijijini kwa watu wake mwenyewe, na filamu yake Kaddu Beykat ikatoka 1975, wengi wenu hamjazaliwa. Ati wanaume hawaruhusiwi: fundi wangu wa sauti ni mwanaume, mkianza maneno ya kujifungua anaweka maiki anaenda zake nje.

Halafu hii ya "simu inatosha". Picha sawa, sauti hapana, hasa Gikomba na makonda wanaita abiria. Nunua maiki kabla ya lenzi, na usiifiche chini ya leso, itakwaruza mwanzo mpaka mwisho na hiyo hakuna editing itakuokoa.