Joto la ziada liko baharini

Kaskazi bado inavuma, na kusi bado inavuma. Kilichobadilika ni bahari inayopitiwa na pepo hizo. Mtu wa Tanga akitaka kuelewa mabadiliko ya tabianchi, ningemshauri aanzie hapo.

Hesabu ya joto ni hii. Juu ya angahewa, jua hutupatia wastani wa wati 340 kwa kila mita ya mraba. Karibu asilimia 30 hurudishwa angani na mawingu, barafu na ardhi inayong'aa. Wati 240 hivi zinazobaki huipasha dunia moto, nayo dunia huzitoa tena kama mionzi isiyoonekana kwa macho. Isingekuwa gesijoto, yaani mvuke wa maji, hewa ukaa, methani na nyinginezo, wastani wa joto la uso wa dunia ungekuwa nyuzi 18 hivi chini ya sifuri. Gesi hizo hunyonya mionzi hiyo na kurudisha sehemu yake chini, ndiyo maana wastani wetu ni nyuzi 15 hivi. Zinapoongezeka, joto linaloingia huzidi linalotoka.

Kabla ya enzi ya viwanda, hewa ukaa ilikuwa sehemu 280 katika kila sehemu milioni za hewa. Vipimo vya mlima Mauna Loa, Hawaii, vilipoanza mwaka 1958 vilikuta 315 hivi. Leo zimepita 420. Wapo wanaosema ni jua, au ni volkano. Jua lingekuwa ndilo chanzo, angahewa lingepata joto chini na juu. Vipimo vya maputo na satelaiti vinaonyesha tabaka la chini likipata joto huku stratosfia, tabaka lililo juu yake, ikipoa, na hiyo ni alama ya gesijoto. Kuhusu volkano, hewa ukaa inayoongezeka ina upungufu wa kaboni-13, aina ya kaboni iliyo nzito kidogo, sawa na kaboni iliyotokana na viumbe wa kale: makaa ya mawe, mafuta na gesi. Kwangu mimi hoja hizi mbili zinafunga mjadala.

Karibu asilimia 90 ya joto la ziada limeingia baharini. Maji hubeba joto jingi mno: mita 3 tu za juu za bahari zina uwezo unaolingana na wa angahewa lote. Kwa hiyo nyuzi 1.1 zilizoongezeka hewani (muongo wa 2011–2020 ukilinganishwa na 1850–1900) ni sehemu ndogo ya mzigo wenyewe.

Sisi mzigo huo tunauona kwenye mvua. Ukanda wa mvua hufuata jua: ukiteremka kusini tunapata vuli, Oktoba hadi Disemba, ukirudi kaskazini tunapata masika, Machi hadi Mei. Vuli hutegemea sana tofauti ya joto kati ya upande wetu wa Bahari ya Hindi na ule wa Sumatra, Indonesia. Upande wetu ukipata joto kuliko kawaida na ule wa Sumatra ukapoa, vuli huzidi kiasi. Mwaka 1997 hali hiyo iliambatana na El Niño kali, yaani kupata joto kwa Bahari ya Pasifiki. Mwaka 2019 hapakuwa na El Niño ya kutisha, na bado mwezi Oktoba mafuriko yakaukumba mkoa wa Tanga. Anayetaka kupanda mahindi Muheza au Korogwe asiishie kuuliza habari za El Niño. Aulize pia Bahari ya Hindi ikoje. Tena, hewa ikiongezeka nyuzi 1 huweza kubeba mvuke zaidi kwa asilimia 7 hivi. Mvua basi hushuka kwa mkupuo, na maji mengi hutiririka yakaenda zake kabla udongo haujayanywa.

Wanaoumia mapema zaidi ni akina mama wanaolima mwani. Wakati wa bamvua, yaani siku za mwezi mwandamo na mwezi mpevu, maji yetu hukupwa sana kuanzia kama saa nne asubuhi, jua likiwa linapanda. Kwenye kina kifupi maji yaliyobaki hupata moto upesi. Kotonii, ule mwani mnene wenye bei nzuri, hudhoofika maji yakikaa juu ya nyuzi 30 kwa siku nyingi: matawi hupauka, huwa meupe na laini, kisha hukatika kamba uliofungwa mwani ikitikiswa. Bakteria humalizia kazi. Spinosamu, aina nyingine ya mwani, huvumilia zaidi, lakini bei yake ni ya chini, kwa hiyo kuhamia huko ni hasara iliyokubaliwa kwa kukosa njia.

Ushauri wangu ni kupima kabla ya kuhama. Shusha kipimajoto hadi usawa wa kamba, si juu ya maji, wakati maji yamekupwa kabisa, siku zote za bamvua. Namba zikipita 30 mfululizo, peleka kotonii mahali ambapo kamba hubaki ndani ya maji hata kwa kupwa kukubwa, ukitumia kamba za kuelea zenye nanga. Miezi ya kaskazi, hasa Februari na Machi, mbegu yote ikae huko. Kusi ikishika na maji yakapoa, sehemu yake inaweza kurudi kwenye vigingi vya karibu, vikikazwa vizuri kwa ajili ya mawimbi.