Zuio la mahakama halifuti deni

Nchini Kenya, wakopaji wengi huamini kuwa wakipata zuio la mahakama, deni limekwisha. Sivyo, na inaniuma kuona imani hii ikiwapotezea watu nyumba. Zuio husimamisha tu mnada wa nyumba iliyowekwa dhamana. Deni linabaki, na riba huendelea kupanda. Naam, riba ina kikomo: kifungu cha 44A cha Sheria ya Benki hakiruhusu riba mpya izidi deni la msingi (bila riba) lililobaki siku mkopo ulipoharibika, yaani ulipohesabiwa kuwa haulipwi. Lakini kubishania hesabu ya deni pekee kwa kawaida hakuzuii mnada. Kinachozuia ni benki kuruka hatua, kwa mfano notisi ya miezi 3 ya kutaka ulipe, kisha ya siku 40 ya kuuza, chini ya Sheria ya Ardhi ya 2012. Miezi hiyo ndiyo ya kukaa na benki, mkubaliane kwa maandishi.