Kamba wa Pangoni Hajafungiwa Kabatini

Juzi mzee mmoja anayelima nje kidogo ya Hifadhi ya Taifa ya Mammoth Cave, hapa Kentucky, Marekani, alinishika bega. "Mwanangu, acha kuhangaika. Hao kamba wako chini ya mwamba, ndani ya hifadhi. Nani atawafikia?" Namheshimu, lakini neno hilo nimelisikia mara nyingi mno, na ndilo linalowaua.

Kamba mwenyewe kwa jina la kisayansi ni Palaemonias ganteri. Ana urefu wa sentimita 3 hivi na mwili kama kioo, hata ukimmulika waweza kuona tope alilokula kabla hujamwona mlaji. Vikonyo vya macho vipo, macho ya kuonea hayapo. Kwa nini? Vitabu husema mwili unabana matumizi. Mimi sijaridhika, maana inawezekana pia kwamba gizani mwenye macho mabovu haadhibiwi, basi ubovu ukarithiwa tu. Hoja hizo mbili ni kazi kuzitenganisha. Tuendelee.

Shika hapo kwenye tope. Anakula kwa kulifagia na vinywele vya magando yake, akichuja bakteria na mabaki yaliyooza. Sasa tope hilo limetoka wapi? Pangoni halioti hata jani moja. Karibu kila tonge lake limeanguka kutoka juu: majani, udongo, kinyesi, vyote vimesombwa na mvua. Pango likifungwa kabisa kama watu wanavyodhani, kamba atakufa njaa. Mlango unaomletea chakula ndio huohuo unaoleta oili na maji ya choo.

Na mlango huo hauna chujio. Kwenye karsti, yaani ardhi ya mawe ya chokaa yaliyotobolewa na maji, maji hayanyonywi polepole na udongo. Yanatumbukia shimoni na kwenda na uchafu wake. Ili kujua yanakokwenda, tunamwaga rangi ya fluoresini kwenye shimo la shambani, kisha tunatundika kwenye chemchemi vifuko vya mkaa wa kuinasa. Ukirudi unaosha mkaa ule kwa spiriti iliyotiwa magadi makali, unasubiri, na rangi ya kijani inajitokeza kwenye kichupa. Miaka ya 1970 na 1980 mwanajiolojia James Quinlan alifuatilia maji hivyo, akaonyesha yanavyopita chini ya mpaka wa hifadhi kana kwamba haupo.

Mji wa jirani wa Horse Cave ulimwaga maji taka yake ardhini hadi pango lililo chini yake, Hidden River Cave, likanuka na kufungwa kwa watalii mwaka 1943. Mtambo mpya wa kusafisha ulipokuja mwaka 1989, viumbe wa pangoni walianza kurudi. Kwa kamba wetu kulikuwa na balaa jingine: bwawa namba 6 la mto Green, la mwaka 1906, lilirudisha maji nyuma hadi mapangoni na kutuliza mkondo. Lilibomolewa mwaka 2017.

Miaka ya 1970 tulihofia ametoweka. Alionekana tena mwaka 1979, akatangazwa kuwa hatarini mwaka 1983. Wapo wangapi leo? Tunahesabu madimbwi tunayoyafikia, na mito mingi ya humo haipitiki na binadamu. Anayenipa idadi bila kusema amehesabia wapi namrudishia karatasi yake.

Mzee naye ana shimo nyuma ya ghala, maji ya mvua hupotelea humo. Nimechungulia: matairi mawili, makopo ya dawa ya magugu, debe la oili chakavu limelala ubavu. Jumamosi tunakwenda na kamba za kuvutia kuyatoa.