Mzozo wa Bodi ya Shule: Pa Kuanzia Kabla ya Kwenda Mahakamani

Kila bodi za usimamizi wa shule za umma zinapomaliza muhula wao wa miaka 3, malalamiko humiminika katika ofisi za elimu za kaunti nchini Kenya. Kanisa linaloifadhili shule linasema halikushirikishwa. Wazazi wanasema majina yalipangwa kabla ya mkutano. Barua haijajibiwa, tayari wakili ameshawasilisha ombi la dharura Mahakama Kuu. Hatuna shaka kwamba wengi wao wanaipenda shule yao, ila njia wanayoifuata mara nyingi huwarudisha walikotoka.

Sheria ya Elimu ya Msingi ya mwaka 2013 imeweka ngazi. Anayelalamikia bodi huandikia kwanza Bodi ya Elimu ya Kaunti, na asiporidhika na uamuzi wake hukata rufaa mbele ya jopo la rufaa za elimu. Sheria ya Haki katika Maamuzi ya Kiutawala ya 2015 inamzuia jaji kusikiliza shauri kabla ya ngazi hizo kumalizwa, isipokuwa kwa sababu za kipekee, na sharti mlalamishi mwenyewe aombe kuruhusiwa kuziruka. Ombi hilo ndilo linalosahaulika. Jalada linakuja na picha za ujumbe wa simu kurasa nzima, lakini nakala ya barua ya malalamiko yenye muhuri wa kupokelewa haimo. Kesi ya namna hiyo hutupwa bila mtu kuulizwa nani alichaguliwa kihalali.

Na tuseme wazi, kwa sababu jambo hili limeelezwa vibaya mara nyingi mno: mfadhili si mwenye shule. Kifungu cha 27 cha Sheria ya Elimu ya Msingi kinampa wajibu wa kushauri kuhusu mambo ya kiroho na kusaidia kwa fedha na majengo, na kifungu cha 56 kinampa wawakilishi 3 katika bodi. Wazazi na jamii wana 6. Wala bodi haimfukuzi mwalimu mkuu aliyeajiriwa na Tume ya Utumishi wa Walimu (TSC). Kumhamisha au kumwadhibu ni kazi ya Tume hiyo kwa mujibu wa Kifungu cha 237 cha Katiba. Kumfungia lango kwa kufuli hakubadilishi lolote kati ya hayo.

Utaratibu ukikosewa, gharama yake ni kubwa. Mwaka 2014 Kanisa la Methodist, mfadhili wa shule ya St Paul's Kiwanjani kule Isiolo, lilikwenda Mahakama Kuu kupinga wasichana Waislamu kuruhusiwa kuvaa hijabu na suruali nyeupe. Likashinda 2015. Mwaka 2016 Mahakama ya Rufaa ikageuza uamuzi. Mwaka 2019 Mahakama ya Juu ikaufuta wa Rufaa kwa sababu mzazi aliyeleta dai la hijabu aliliingiza ndani ya kesi ya kanisa kwa njia isiyofaa, yeye akiwa mhusika mwenye maslahi tu katika kesi hiyo, si mlalamishi wala mshtakiwa. Swali lenyewe halikuamuliwa. Mwenye kulitaka jibu alielekezwa kuanza upya Mahakama Kuu. Msichana aliyekuwa kidato cha kwanza kesi ilipoanza alikuwa ameshapita umri wa sekondari.

Wakati kesi inaendelea, shule hubanwa kwanza kwenye benki. Watia saini wakipingwa, hundi hazipiti, na anayeleta maharagwe na kuni hawezi kungoja tarehe ya kutajwa kwa kesi.

Mahakama ikitoa amri ya zuio, ifuateni hata kama mnaamini ilitolewa kimakosa. Mwombeni jaji aiondoe au kateni rufaa. Kuitisha mkutano wa kuchagua bodi nyingine ni kuivunja. Chini ya kanuni za mashauri ya madai, anayevunja zuio anaweza kushikiliwa mali yake na kufungwa hadi miezi 6. Adhabu hiyo humwangukia mtu binafsi, awe mwenyekiti, mchungaji au mzazi, wala bodi haimlipii wakili kwa kosa hilo.