Ndani ya vazi la Darth Vader alikuwa nani?
Wengi bado wanaamini Darth Vader, yule adui mwenye barakoa nyeusi kwenye muvi za Star Wars, ni mwigizaji James Earl Jones mwanzo mwisho. Hapana, Jones ni sauti tu. Mwili ule ni wa David Prowse, Muingereza wa Bristol, jitu la karibu mita 2 lililokuwa bingwa wa kunyanyua vyuma kabla ya kuingia kwenye muvi, na dayalogi alikuwa anaisema kabisa wakati wa kushuti ila baadaye wakaifuta wakaweka ya Jones. Hata sura ile inayofunuliwa barakoa ikivuliwa kwenye muvi ya mwaka 1983 sio yake, ni ya mwigizaji mwingine, Sebastian Shaw, kwakweli hapo walimuonea. Kwao Uingereza watoto walimjua Prowse zaidi kwa matangazo ya TV ya kuvuka barabara salama.